Kazi ya Kuigiza na Wanaoionea Haya

Wapo watu wengi katika mji wetu wasemao kwamba mwanamke aigizaye mbele ya watu ameitupa heshima yake. Nimelisikia neno hili barazani Ndia Kuu tangu nilipokuwa mtoto wa kutumwa kahawa, na nimelisikia tena mwaka huu, katika baraza ile ile, kutoka kwa watu ambao wakati ule walikuwa vijana na sasa wana mvi. Wasemao si watu waovu. Wengi wao ni wazee wangu. Huswali, huwazika jirani zao, huchangia karo ya yatima. Lakini neno lao si la kweli, na kwa kuwa latoka katika vinywa vya watu wema, hudhuru kuliko kama lingesemwa na wahuni. Mhuni akisema hapana amsikilizaye. Mzee akisema, binti hunyamaza.

Nitalipinga neno hili hapa, wala sitalipinga kwa upole, maana nami niliwahi kulisaidia.

Kabla sijahamia katika chuo cha ualimu nilifundisha katika shule ya sekondari. Palikuwa na msichana katika kidato cha tatu, mpole, asiyependa kuinua mkono darasani. Mwaka huo shule yetu ilitayarisha mchezo wa kupeleka katika mashindano ya michezo ya kuigiza ya shule, yale yaliyoanzishwa nchini mwaka 1959 na ambayo hufanyika mpaka leo. Msichana huyo alipewa sehemu ya bibi kizee aliyenyang'anywa shamba. Alikuwa na miaka kumi na sita. Siku ya kwanza ya majaribio alitoka nyuma ya pazia, akashika kiuno, akaketi juu ya kigoda kwa namna ambayo wazee hukaa, yaani kwa kukitafuta kwanza kwa mkono. Na mimi niliyekuwa nimeshika kitabu nikasahau mstari uliofuata. Sikuwa nimemfundisha kitendo kile. Alikuwa amekiona kwao, akakiweka.

Wiki mbili kabla ya mashindano baba yake alikuja shuleni. Alikuwa mtu wa adabu. Aliniamkia, akaniuliza hali ya nyumbani, kisha akasema, "Mwalimu, mimi nimekupa mwanangu umsomeshe. Sikukupa umfanye kichekesho cha watu." Nilikuwa na mambo mengi ya kumjibu. Sikumjibu hata moja. Nilisema, "Nimekuelewa, mzee wangu," nikampa sehemu ile msichana mwingine, ambaye alisema maneno yote bila ya kosa na ambaye sasa hapana amkumbukaye. Na msichana yule wa kwanza aliponijia baada ya masomo kuniuliza sababu, nilimwambia kwamba kuigiza ni jambo la kupumzikia, si jambo la kuishi nalo, na kwamba achague kazi. Naandika haya ili msomaji ajue kwamba mtu anayembishia si baba yule peke yake.

Haya, tuitazame kazi yenyewe. Nitachukua mfano wa mbali, lakini mfano huu wa mbali ulipitia hapa petu, kivukoni Likoni.

Mwaka 2005 Wajerumani walitoa senema iitwayo Die weisse Massai, maana yake Mmasai Mweupe. Ilitokana na kitabu cha mwanamke wa Uswisi, Corinne Hofmann, kilichochapishwa mwaka 1998, ambamo anasimulia jinsi alivyokuja Mombasa kutembea, akamwona kijana wa Kisamburu katika kivuko, akampenda, akaacha biashara yake kwao na kumfuata hadi kaskazini ya nchi. Mimi nimevuka Likoni mara nyingi nisizoweza kuzihesabu na sijapata kuona mapenzi yakizaliwa pale. Kila mtu hushika mfuko wake na kutazama mlango ukifunguka. Lakini hadithi ni hadithi. Mwanamke aliyechukua sehemu hiyo katika senema ni Nina Hoss, na maisha yake ya kazi ndiyo ninayotaka mwanafunzi ayapime.

Alizaliwa Stuttgart mwaka 1975. Mama yake, Heidemarie Rohweder, alikuwa mwigizaji na kiongozi wa jumba la michezo. Baba yake, Willi Hoss, alikuwa mfanyakazi wa kiwanda cha magari cha Daimler-Benz, mtetezi wa haki za wafanyakazi, na baadaye mbunge. Tazameni nyumba hiyo: baba wa kiwandani na bungeni, mama wa jukwaani, wala hapana aliyemwonea haya mwenzake. Mtoto wao alisikika katika michezo ya redio akiwa na miaka saba, na alipanda jukwaani akiwa na miaka kumi na minne. Mwaka 1996, akiwa na miaka ishirini na mmoja, alionekana katika senema ya televisheni iliyomfanya ajulikane nchi nzima. Wengi wa vijana wetu wangesimama hapo. Wangesema, nimekwisha fika, nipigieni picha. Yeye alikuwa bado mwanafunzi, na masomo hakuyaacha.

Alisoma katika chuo cha Ernst Busch kilichoko Berlin. Chuo hicho chatokana na shule iliyofunguliwa na Max Reinhardt mwaka 1905. Mwaka huo huo wa 1905 Wajerumani walikuwa wakipigana na jirani zetu wa kusini katika vita vya Maji Maji. Kwa hiyo msidhani kwamba nawasifu kwa kila jambo. Nasema tu kwamba taifa lile, hata lilipokuwa likifanya mabaya ugenini, liliona kwao kwamba kuigiza ni elimu yenye kutaka shule, walimu, miaka na mitihani. Mtu hujifunza kupumua. Hujifunza kutembea, kama kwamba hajatembea maisha yake. Hujifunza kusema kwa sauti ya chini ambayo mtu wa kiti cha mwisho ataisikia.

Kutoka chuoni aliingia katika kundi la jumba la michezo la Deutsches Theater mwaka 1998, akakaa humo mpaka mwaka 2013. Hesabuni: miaka kumi na mitano katika nyumba moja. Huko alicheza michezo mikubwa ya kale na ya sasa, miongoni mwake Medea, mama wa Kiyunani awauaye wanawe, na kwa sehemu hiyo alipewa tuzo. Wakati huo huo alikuwa akipigwa picha za senema na za televisheni. Pamoja na mtengeneza senema Christian Petzold alifanya kazi sita kati ya mwaka 2001 na 2014. Kwa moja yao, Yella, alipewa tuzo ya mwigizaji bora wa kike katika tamasha la senema la Berlin mwaka 2007. Katika nyingine, Barbara, ya mwaka 2012, alikuwa daktari wa Ujerumani ya Mashariki aliyepelekwa shamba kwa adhabu kwa kuwa aliomba ruhusa ya kuhama. Katika Phoenix, ya mwaka 2014, alikuwa mwanamke wa Kiyahudi aliyeponea kambi ya mauti ya Auschwitz, uso wake umeharibiwa na kutengenezwa upya, arudiye kwa mumewe naye mumewe asimjue.

Hapa nataka kukaa kidogo, kwa sababu hapa ndipo kazi ya mwigizaji inapoonekana ni kazi. Mwanamke yule wa Phoenix hutakiwa na mumewe ajifanye kuwa mkewe aliyekufa, ilhali yeye ndiye mke mwenyewe. Kwa hiyo mwigizaji huigiza mtu anayeigiza kuwa nafsi yake. Hutembea vibaya kwa makusudi, kama mtu anayejifunza mwendo ambao kwa hakika ni wake. Mtazamaji huona yote mawili kwa pamoja, uongo na ukweli, katika hatua moja ya mguu. Baba mtu mwenye kusema kwamba hiki ni kichekesho na ajaribu kukifanya mbele ya kioo, mlango umefungwa, bila ya mtu kumwona. Mimi nimejaribu. Nilikoma upesi.

Na tena, mwaka 2019 alitoa senema ambamo alikuwa mwalimu wa fidla, akajifunza kushika chombo kile na upinde wake. Elimu hiyo ilimfaa tena katika Tár, ya mwaka 2022, alipokuwa kiongozi wa wapiga fidla katika kundi kubwa la muziki. Mwaka 2025, akiwa na miaka hamsini, alionekana katika Hedda, senema iliyotokana na mchezo wa Ibsen, akichukua sehemu ambayo katika mchezo wa asili ni ya mwanamume. Tangu ile senema ya mwaka 1996 ni karibu miaka thelathini, na bado hajamaliza. Kwetu, mwanamke wa miaka hamsini ambaye bado anaigiza huulizwa kama hana watoto wa kumlisha.

Najua nitakavyojibiwa. Wazee wa baraza wataniambia, "Mwalimu, Ulaya ni Ulaya. Usituletee mila za watu." Jibu hili lina nguvu kwa masikio, lakini mguu wake mmoja ni mfupi. Nani asemaye kwamba mwanamke kusimama mbele ya watu, akacheza, akaimba, akajigeuza mtu mwingine, ni mila ya Ulaya? Mji huu wa Kale, kabla haujawa na taa ya umeme, ulikuwa na vyama vya lelemama. Bibi zetu waliviongoza wenyewe. Ibinaal Watan na Banu Saada vilikuwa vyama vya wanawake wa Mombasa vyenye vyeo, sare, michango na ushindani mkali hata mji ukagawanyika, huyu wa chama hiki, huyu wa kile. Walishindana kwa nyimbo, kwa mavazi na kwa maonyesho. Na katika harusi palikuwa na vugo, wanawake wakitembea na pembe za nyati wakizigonga na kuimba njiani. Mzee aniambiaye leo kwamba jambo hili ni geni, bibi yake huenda alikuwa na cheo katika chama. Amesahau, au ameambiwa asahau.

Tukivuka bahari kidogo twamkuta Siti binti Saad. Alizaliwa Fumba, Unguja, katika nyumba ya ufukara, akauza vyungu kwa miguu. Mwaka 1928 alikwenda Bombay kurekodi sahani za santuri, akawa mwanamke wa kwanza wa Afrika ya Mashariki ambaye sauti yake ilinunuliwa madukani. Alipofariki mwaka 1950 hakuwa na wa kumfananisha naye. Shaaban Robert, ambaye hapana mwalimu wa Kiswahili atakayethubutu kumwita mtu asiye na heshima, aliona inafaa kuandika wasifu wake. Nawaomba wale wanaopiga mfano wa Shaaban Robert katika kila hotuba ya siku ya kugawa zawadi wakumbuke kwamba alikitumia kitabu kizima kumtukuza mwimbaji wa kike.

Baada yake alikuja Fatuma binti Baraka, aliyejulikana kwa jina la Bi Kidude. Mwaka aliozaliwa haujulikani kwa yakini. Alipofariki tarehe 17 Aprili 2013 watu walimhesabia miaka mia na zaidi. Alianza utotoni kwa kumsikiliza Siti, akaimba taarabu, akapiga ngoma ya unyago ambayo huwafundisha wasichana mambo ya utu uzima, akatembea bara na visiwani. Kwa miaka mingi ulimwengu haukumtambua. Mwaka 2005 ndipo alipopewa tuzo kubwa ya WOMEX huko Uingereza, na mwaka 2006 Andy Jones akatoa senema juu ya maisha yake. Kazi yake ilikuwa ndefu kuliko ya Mjerumani tuliyemtaja, pengine mara mbili. Lakini alifanya kazi yote hiyo bila ya chuo, bila ya jumba la kumwajiri, bila ya akiba ya uzeeni. Alipokufa viongozi walihudhuria maziko, na rais wa nchi akiwamo. Mimi sina neno juu ya maziko mazuri. Nauliza tu kwa nini sisi huwa wepesi kubeba jeneza la msanii na wazito kubeba mshahara wake.

Sasa tuje katika televisheni, maana huko ndiko baba wa yule msichana alikokuwa akicheka kila juma.

Hapana nyumba ya Kenya yenye televisheni katika miaka ya 1980 na 1990 ambayo haikumjua Mama Kayai. Jina lake ni Mary Khavere. Katika Vitimbi, kipindi cha shirika letu la utangazaji, alikuwa mke wa Mzee Ojwang, mwenye hoteli mkaidi na mwenye tamaa. Miaka ikapita, serikali zikabadilika, Sauti ya Kenya ikaitwa KBC mwaka 1989, vituo vingine vikafunguliwa, naye bado alikuwa mle, kanga kiunoni, akimzidi mumewe kwa ulimi. Alimfanya mwanamke wa kawaida, mwenye akili kuliko anavyodhaniwa, awe mtu wa kuangaliwa na taifa. Mimi nilikuwa mtoto. Katika chumba cha shangazi yangu, nyumba ya pili kutoka barabarani, tulikaa watu kumi na tano juu ya mkeka mbele ya kioo kimoja chenye picha ya kijivu. Shangazi alikuwa akimjibu Mama Kayai kwa sauti, kama jirani ajibuye dirishani: "Mwambie, mwanangu, mwambie!" Na kipindi kilipokwisha, shangazi huyo huyo, machozi ya kicheko hayajakauka, angesema kwamba yeye binti yake hawezi kumwacha afanye kazi ile.

Je, si ajabu? Tumekula chakula, tumeshiba, tumelamba vidole, kisha twasema mpishi hana adabu.

Na Mzee Ojwang mwenyewe, ambaye jina lake la kwao lilikuwa Benson Wanjau, alipozeeka macho yake yalimdhoofikia, na wananchi walichanga fedha ili atibiwe. Alifariki Julai 2015. Walichanga kwa moyo mwema, nami nawaheshimu. Lakini mtu aliyeichekesha nchi kwa miaka thelathini kutegemea mchango ni jambo la kufedhehesha nchi, si la kumfedhehesha yeye. Linganisheni na huko tulikotoka. Ujerumani imetunga sheria, iliyoanza kufanya kazi mwaka 1983, ya bima kwa wasanii wanaojitegemea: msanii hulipa nusu ya mchango wa matibabu na uzeeni, na nusu ya pili hulipwa na wale wanaotumia kazi yake pamoja na serikali. Mwigizaji aliyeajiriwa katika jumba la michezo la umma naye ana mshahara na bima kama karani. Majumba hayo ni zaidi ya mia moja, na hulishwa kwa kodi. Kwa hiyo mwanamke wa Kijerumani anaweza kuikataa sehemu ya aibu, kwa kuwa hatalala njaa kesho. Na hapa ndipo napenda wazee wangu wa baraza wanisikilize kwa makini. Heshima mnayoitaka kwa binti zenu hailindwi kwa kuwakataza. Hulindwa kwa mkataba ulioandikwa, kwa mshahara ulipwao kwa siku yake, kwa sheria imwadhibuye meneja mwenye mikono mirefu. Mnamlaumu msichana kwa uchafu wa mtu anayemwajiri. Mbona baharia akidhulumiwa na nahodha hamsemi ubaharia ni kazi ya aibu?

Yapo maneno ya stara, nami siyadharau. Nimelelewa nayo na nawalea wanangu kwayo. Lakini stara si kutoonekana. Bibi zetu walizuiwa kwenda shule kwa neno hilo hilo. Shule ya kwanza ya serikali ya wasichana wa Kiarabu mjini hapa haikuanza mpaka mwishoni mwa miaka ya 1930, na walikuwako walioona kwamba msichana ajuaye kuandika atawaandikia wanaume barua. Leo wajukuu wa watu hao ni madaktari na mawakili, wanasema mbele ya mahakama nzima, na babu zao huwasifu barazani. Katika senema na televisheni ziko sehemu za heshima na ziko za upuuzi, kama vile katika uwakili. Binti aliyefundishwa vizuri atajua kuchagua. Asiyefundishwa atachaguliwa.

Narudi kidogo katika ile senema ya Mmasai Mweupe, kwa kuwa kuna jambo ndani yake linaloniuma. Bahari ni yetu, kivuko ni chetu, jua, vumbi na mbuzi ni vyetu. Sehemu ya kijana wa Kisamburu ilipewa Jacky Ido, mzaliwa wa Burkina Faso, mwigizaji mzuri, nami simlaumu. Lakini baada ya kazi ile Nina Hoss alirudi katika jumba lake la michezo na kuendelea na sehemu nyingine, na sisi tulirudi katika kuvuka kivuko. Tulikuwa mandhari. Atakayesema kwamba hatukuwa na mtu wa kufaa na amkumbuke Sidede Onyulo, Mkenya, aliyekuwa Owuor mpishi katika Nirgendwo in Afrika, ya mwaka 2001, senema nyingine ya Kijerumani, juu ya familia ya Kiyahudi iliyokimbilia Kenya. Senema hiyo ilipata tuzo ya Oscar mwaka 2003. Mtazamaji akiisahau hadithi yote, hamsahau Owuor. Basi vipaji tunavyo, na vimeonekana na wageni kabla ya kuonekana na sisi. Watu wote wa Kenya walimpigia makofi Lupita Nyong'o alipopata Oscar mwaka 2014. Ni wangapi kati ya waliopiga makofi wangemlipia binti yao karo ya chuo cha kuigiza? Yeye alisomea kazi hiyo Yale, Marekani. Na kabla ya hapo, akiwa na miaka kumi na minne, alicheza Juliet jukwaani Nairobi, na nyumbani hapana aliyemfungia mlango.

Na sheria? Sheria yetu ya Hakimiliki ya mwaka 2001 inamtambua mwigizaji kuwa ana haki katika kazi yake. Ni sheria nzuri. Imekaa kabatini kama joho la harusi.

Sasa nawageukia ninyi wanafunzi, maana nimewasema wazee na mkafurahi, nami sipendi mfurahi bure. Ninyi nanyi mnaidharau kazi hii kwa namna yenu. Mwaona simu, mwaona mtu amejipaka unga usoni akapiga kelele kwa nusu dakika na watu laki moja wakamtazama, mkadhani huo ni uigizaji na kwamba kesho mtakuwa matajiri. Wengi wa hao mnaowajua mwaka huu hamtawajua mwaka ujao. Jaribuni kuwataja wa miaka mitano iliyopita. Kumbukeni miaka kumi na mitano katika nyumba moja. Kumbukeni mwanamke wa miaka arubaini na zaidi, mwenye tuzo kabatini, akaaye na mwalimu kujifunza jinsi ya kushika upinde wa fidla. Mzee aliyesema kazi hii ni mchezo wa wavivu, mkiendelea hivyo mtampa ushahidi, nami sitakuwa na la kumjibu.

Kwa hiyo someni. Jifunzeni mashairi kwa moyo, mkajue pumzi inakatika wapi. Wasikilizeni wazee wakisimulia, si kwa ajili ya hadithi tu, bali mtazame mikono yao. Mombasa ina jumba dogo la michezo tangu miaka ya 1950; ombeni walimu wenu wawapeleke, na wakikataa, ombeni tena.

Nimesema kwamba niliwahi kulisaidia neno nililolipinga. Msichana yule alifuata shauri langu, akachagua kazi. Mwaka jana aliingia katika chuo chetu kusomea ualimu, akanikuta katika ukumbi, akaniamkia kwa adabu yake ya zamani. Sikujua niseme nini, nikamuuliza habari za baba yake. Akasema yu mzima. Juma la pili alikuja ofisini na karatasi. Yeye na wenzake kumi na mmoja walitaka kuandaa mchezo, nao waliomba ufunguo wa ukumbi kila Alhamisi alasiri, na walihitaji sahihi ya mwalimu mmoja. Nilitia sahihi pale pale, nikiwa nimesimama.

Jioni ile nilimpitia baba yake barazani Ndia Kuu, nikamweleza kabla hajaambiwa na watu. Alinyamaza muda mrefu, akazungusha kikombe chake. Kisha akaniuliza mchezo wenyewe utaonyeshwa lini, na kama kutakuwa na viti.